Watu wa Legetang walistahili kufa? Tuiangalie hii stori ya Java vizuri

Stori ya Legetang ukiisikia mara ya kwanza haikuachi. Legetang ilikuwa kitongoji kwenye nyanda za juu za Dieng, wilaya ya Banjarnegara, Java ya Kati, Indonesia, huko juu kwenye baridi karibu mita 2,000 kutoka usawa wa bahari, watu wakijilimia viazi na mbogamboga. Usiku wa kuamkia tarehe 17 Aprili 1955, mida ya saa tano hivi, mlima wa jirani unaoitwa Pengamun-amun ukakatika na kukifunika kitongoji kizima. Kulipokucha hakuna nyumba, hakuna mifugo, hakuna mtu, kuna kilima kipya tu. Pale pana mnara wa kumbukumbu mpaka leo na umeandikwa idadi: wakazi 332, na wageni 19 kutoka vijiji vingine.

Hiyo ni historia, haina ubishi. Kilichoifanya stori itembee ni hiki kingine. Wanasema watu wa Legetang walikuwa matajiri kuliko majirani zao wote, shamba la jirani likikauka lao linazaa, viazi vyao vikubwa kuliko vya wenzao, na utajiri ukawapanda kichwani. Kila usiku kamari, pombe, ngoma ya lengger mpaka asubuhi, uzinzi, wengine wanaongeza na mambo ya ndugu kwa ndugu ambayo hata kuyaandika hapa sitaki. Msikitini haendi mtu. Jioni ile mvua ikapiga sana, usiku majirani wakasikia kishindo kikubwa, lakini giza na utelezi vikawafanya wabaki ndani, asubuhi wanatoka wanaangalia juu, kilele cha Pengamun-amun hakipo. Na hapa ndo stori inapofunga kazi: kati ya mlima na kitongoji kulikuwa na bonde na mto, na vyote viwili havikuguswa. Kwa hiyo, wanasema, mlima haukuporomoka, ulinyanyuliwa ukatupwa. Kama watu wa Lut.

Ndo maana ukiingia YouTube utakuta video kibao zinaiita Sodoma ya Java, na masheikh wanaitumia kwenye mawaidha, na kiukweli kama mawaidha inafanya kazi, mtu anatoka pale anatetemeka. Swali langu mimi ni la pembeni kidogo: hii hadithi imewafaidia nini wanaoishi Dieng leo, chini ya milima ileile, mvua ileile? Maana kuna watu wenye akili zao wanaoitetea na kuna watu wenye akili zao wanaotaka iachwe, na pande zote mbili zina vitu vya maana ambavyo upande wa pili hautaki kuvisikia.

Nianze na wanaoitetea, maana huwa wanapuuzwa haraka sana na wasomi. Pointi yao ya kwanza ni kwamba bila hadithi, Legetang ingeshasahaulika. Tunaongelea kitongoji cha wakulima, mwaka 1955, nchi ina miaka kumi tu tangu itangaze uhuru, hakuna televisheni, barabara ya kupanda huko yenyewe shida, na kitongoji kimeondoka chote kwa hiyo hakuna hata wa nyumba zile wa kubaki kulia. Watu 351. Maporomoko mangapi ya zama zile huko Asia yaliua mamia na leo hakuna anayejua hata jina la kijiji? Legetang inajulikana, na inajulikana kwa sababu ya ile habari ya dhambi, tusijidanganye. Takwimu peke yake hazitembei mdomoni kwa mdomo miaka sabini.

Pointi ya pili ni nzito zaidi na mimi ndo iliyonifanya niache kuicheka hii stori. Ule mlima unaoruka. Mtu wa sayansi akisikia mlima umeruka bonde anafunga daftari, lakini haraka ya nini? Tarehe 11 Septemba 1881 kule Elm, Uswisi, mlima ulikatika juu ya machimbo ya mawe na kuua watu 115, na hii ilitokea mchana, mashahidi wakiwa wamesimama wanaangalia. Walichomwambia mwanajiolojia Albert Heim ni kwamba lile rundo la mawe lilipofika kwenye kingo ya machimbo lilirushwa mbele hewani, wakaweza kuona nafasi chini yake, kisha likatua na kukimbia bondeni kama maji. Heim aliwaamini, aliandika, na leo Elm inasomeshwa. Maporomoko makubwa yenye kasi hayatambai kama uji kwenye sahani, yanaweza kuruka korongo na kutua ng'ambo. Kwa hiyo wale wazee wa Dieng waliosema "mto haukuguswa" inawezekana kabisa walikuwa wanaripoti kitu walichokiona kwa macho asubuhi ile, na wametunza kwa mdomo ushahidi wa aina ya maporomoko yaliyotokea, ushahidi ambao kama wangeacha kusimulia tusingekuwa nao. Sababu waliyoiweka ni ya dini, ila walichokiona ni kitu halisi.

Na kuna kitu cha tatu, hiki ndo kinanikera mpaka leo. Simulizi yenyewe, hiihii ya Sodoma, inasema kwamba siku kama sabini kabla ya tukio watu waliopanda mlimani kukata majani waliona ufa juu ya Pengamun-amun. Ufa mrefu, wenye kina. Wakashuka wakasimuliana, wakaongea wee, kisha kila mtu akarudi kwenye shughuli zake. Basi. Sentensi moja, na msimuliaji huyo anarudi kwenye kamari na lengger.

Unaona tatizo lilipo? Ndani ya hadithi moja kuna vitu viwili, kuna ufa uliokaa wazi zaidi ya miezi miwili na kuna madhambi ya usiku, na miaka sabini yote watu wamekuwa wakikuza cha pili na kukipita cha kwanza kama kituo ambacho daladala haisimami. Mtoto wa Dieng aliyekua na hii hadithi anajua fika kwamba ukicheza kamari mlima unaweza kukuangukia, lakini je anajua kwamba ukiona ufa juu ya mteremko msimu wa mvua unatakiwa ushuke ukawaambie watu wahame? Maji yanaingia kwenye ule ufa, udongo wa volkano uliooza unalowa, unakuwa mzito, unateleza, na Dieng ni volkano, sehemu nyingi mawe yake yamepikwa na mvuke na maji moto ya chini mpaka yakawa udongo laini wa mfinyanzi. Aprili ni mwishoni mwa msimu wa mvua, ardhi imeshakunywa miezi yote. Hanang kwetu Desemba 2023 wataalamu walieleza kitu cha aina hiyo, sehemu ya mlima yenye miamba dhaifu ilifyonza maji ikamomonyoka na kushuka Katesh kama tope, na nadhani hapo wengi tulielewa bila kuhitaji mwalimu.

Sasa upande wa wanaotaka hii tafsiri ya adhabu iachwe. Wao wanaanza na ile namba ya pili kwenye mnara, wageni 19. Hawa walikuwa wa vijiji vingine, wamekuja kwa shughuli zao, wamelala. Waliozoea hadithi watakwambia walikuja kucheza kamari, sawa, wote kumi na tisa? Na ndani ya wale 332 watoto wachanga walikuwa wangapi, bibi waliokuwa wamelala saa mbili usiku wangapi? Kitongoji cha wakulima wa viazi wanaoamka alfajiri kwenye baridi ya Dieng, na mvua imepiga kutwa, afu uniambie wote walikuwa kwenye ngoma saa tano usiku. Hadithi inahitaji wote wawe na hatia kwa sababu wote walikufa, yaani hukumu imetoka kwanza ndo kesi ikatafutwa.

Na wenye dini wanaopinga hii tafsiri hawatoki nje ya dini kuipinga, hiki ndo wengi hawakijui. Hadithi ya Mtume iliyo kwenye Bukhari na Muslim inataja mashahidi watano, yaani wanaohesabiwa wamekufa kishahidi, na mmojawapo ni aliyekufa kwa kuangukiwa na kifusi, pamoja na aliyekufa kwa tauni na aliyezama. Sasa mtu aliyefukiwa akiwa kitandani kwake, kwa mlango huo ana nafasi ya kuhesabiwa shahidi, na wewe unamsimamisha mimbarini unamwita Sodoma. Atakayekujibu kwamba Qur'ani imeeleza kaumu zilizoangamizwa yuko sahihi, zipo, lakini za Qur'ani kaelezea Mwenyewe, hii ya Legetang kaelezea nani? Walioyaona hayo madhambi kwa macho wote wako chini ya kilima.

Hapo kwenye nani kaelezea nina dhana yangu, chukulia kama dhana. 1955 ulikuwa mwaka wa uchaguzi mkuu wa kwanza Indonesia, ulifanyika Septemba, miezi mitano baada ya Legetang. Vyama vikubwa vinne, PNI cha wazalendo, Masyumi na NU vya Kiislamu, na PKI cha wakomunisti, na vijijini Java mgawanyiko ulikuwa mkali kati ya wale wanaoitwa santri, wanaoshika swala na pondok (shule za dini za bweni), na abangan, Waislamu wa Kijava ambao dini yao imechanganyika na mila, matambiko ya mavuno, muziki wa gamelan, ngoma. Lengger ilikuwa ngoma ya upande huo wa pili: mchezaji anacheza, watu wanamtunza pesa, ngoma inakesha. Kwa mkulima wa abangan hiyo ni furaha ya mavuno, kwa santri hiyo ni ufuska. Ukiisoma orodha ya madhambi ya Legetang ukijua hilo, inaanza kufanana sana na orodha ya malalamiko ambayo upande mmoja wa kijiji ulikuwa nayo kuhusu upande mwingine kwa miaka mingi kabla ya mlima kuanguka. Na ilivyokuwa waliofukiwa hawakuwa na wa kuwajibia, malalamiko yakawa historia. Leo hii lengger inachezwa kwenye sherehe za serikali huko Wonosobo na Banyumas kama urithi wa utamaduni, watalii wanapiga picha, na hakuna mlima unaosogea.

Linganisha na Sinila utaona ninachomaanisha. Palepale Dieng, tarafa ileile ya Batur, tarehe 20 Februari 1979, alfajiri, ardhi ikatetemeka, kreta ya Sinila ikalipuka, watu wa kijiji cha Kepucukan wakakimbia kuelekea Batur, akina mama na watoto mgongoni, na njiani wakakutana na gesi ya kaboni dioksaidi iliyokuwa imetoka kwenye nyufa na kulala chini barabarani. Haionekani, hainuki, nzito kuliko hewa. Walianguka kwa mistari njiani, watu 149. Ukitaka kupata picha ya gesi yenyewe waulize watu wa Goma kuhusu mazuku, yale mashimo ambayo mbuzi anaingia hatoki na mtoto akiinama kuokota kitu anabaki hapohapo, ni kitu kilekile. Sinila inasimuliwa kama ajali ya gesi. Wale walikuwa wakulima walewale wa viazi, mila zilezile, wametofautiana nini na Legetang? Mimi naona tofauti ni kwamba Sinila ilibakiza ndugu, ilibakiza watu wa kusema huyu alikuwa mama yangu alikuwa anakimbia na sisi, na magazeti yalikuwepo na picha zilikuwepo. Ukiwa na ndugu hai ni ngumu sana kuitwa Sodoma.

Na Banjarnegara haijapumzika. Sijeruk, Januari 2006, asubuhi na mapema, zaidi ya watu 70 wamefukiwa. Jemblung, kijiji cha Sampang, tarehe 12 Desemba 2014, zaidi ya 90. Wilaya ileile! Kama adhabu ndo maelezo basi hii wilaya ina balaa la pekee duniani, au, tuseme ukweli, ina miteremko mikali, udongo mzito wa volkano na mvua isiyo na huruma, na juu yake viazi vimepandwa mpaka kileleni tangu biashara ya viazi ilipochangamka Dieng miaka ya themanini, msitu umepungua, matuta mengi yanachimbwa kufuata mteremko badala ya kuukata ili maji yasituame yakaozesha viazi. Hii habari ya matuta hakuna sheikh anayeigusa kwenye mawaidha. Labda kwa sababu waliokaa mbele ndo wenye mashamba, nawaza tu.

Nirudi kwa watetezi kidogo maana wana jibu hapa: wanasema hizi hadithi za kijiji kuzama kwa sababu ya roho mbaya ziko dunia nzima, ni namna ya watu kufundishana utu, usizichukulie kama mashtaka. Na kweli, Java wenyewe wana Rawa Pening, ziwa kule Ambarawa. Mtoto mmoja, Baru Klinting, mchafu, ana vidonda, ananuka, anaingia kijijini kwenye karamu anaomba chakula anafukuzwa, bibi mmoja tu, Nyai Latung, anampa. Mtoto anachomeka kijiti ardhini, anawaambia wanakijiji wakitoe, mabaunsa wote wanashindwa, anakitoa mwenyewe, maji yanabubujika kijiji kinazama, bibi anapona kwa kupanda ndani ya kinu cha kutwangia mpunga. Wajaluo wa Kendu Bay wanaijua hii kwa jina lingine: Simbi Nyaima, ziwa la kreta pale Homa Bay, bibi kizee kafika watu wako kwenye pombe na ngoma, kafukuzwa, mwanamke mmoja aliyemuonea huruma kaambiwa aondoke, mvua ikaja kijiji kikawa ziwa. Java na Nyanza hawakuwahi kukaa meza moja, ila hadithi ni moja, mgeni kanyimwa, mmoja kampa, maji.

Nakubali, na hizo nazipenda, ningemsimulia mwanangu leo usiku. Lakini angalia tofauti. Rawa Pening haina tarehe, haina majina ya familia, hakuna mtu Ambarawa anayesema babu yangu mzaa mama alikuwa kwenye ile karamu. Legetang ina tarehe, ina mnara, na inawezekana kabisa vijiji vya jirani kuna watu wazima ambao shangazi yao aliolewa Legetang. Ukichukua kiunzi cha hadithi ya zamani ukakivalisha maiti wa 1955, umetoka kwenye ngano umeingia kwenye kusengenya.

Merapi ndo inachanganya zaidi, maana pale pande zote mbili zina damu. Merapi ni volkano iliyo kaskazini ya mji wa Yogyakarta, na kwa Wajava kilele chake ni ikulu ya majini, ina uhusiano na kasri la Sultani na Malkia wa Bahari ya Kusini, kila mwaka kasri linapeleka sadaka ya labuhan. Mlinzi wake, juru kunci, alikuwa Mbah (yaani Babu) Maridjan, aliyepewa kazi na Sultani Hamengkubuwono wa IX. Mwaka 2006 Merapi ilipochafuka serikali ikasema watu wahame, yeye akagoma, na kijiji chake Kinahrejo kikapona, wingu la moto likapita Kaliadem likaua watu wawili waliokuwa wamejificha kwenye handaki la zege lililojengwa kwa ajili hiyohiyo ya kujificha. Hebu jiweke kwenye nafasi ya mwanakijiji: mzee kabaki nyumbani kwake kapona, waliotumia handaki la serikali wameungua. Utamwamini nani mara nyingine? Mzee akawa staa, akatokea kwenye tangazo la kinywaji cha kuongeza nguvu.

Oktoba 2010 ikaja mara nyingine yenyewe. Tarehe 25 saa kumi na mbili asubuhi Surono, mkuu wa volkanolojia, akapandisha tahadhari mpaka ngazi ya juu kabisa. Watu nao walikuwa wanatumiana picha ya moshi wa Merapi uliofanana na uso wa Petruk, yule mchekeshaji wa wayang (maigizo ya vikaragosi ya Kijava) mwenye pua ndefu, ambaye kwa imani za pale ni mmoja wa wakuu wa mlima, wakabishana pua inaelekea wapi. Tarehe 26 jioni, karibu saa kumi na moja, mlima ukapasuka. Mbah Maridjan alikutwa amekufa nyumbani kwake akiwa amesujudu, na wengine waliobaki au waliomfuata kumsihi ashuke wakafa hapohapo Kinahrejo. Novemba 5 usiku ukaja mlipuko mkubwa kuliko wote, eneo la hatari likasukumwa mpaka kilomita 20. Jumla ya waliokufa ni zaidi ya 350, na wataalamu wanakadiria kwamba ule uhamishaji uliokoa watu kati ya 10,000 na 20,000.

Wengi wanamalizia hapo, imani imeshindwa sayansi imeshinda. Mimi naona haraka hiyo inaficha kitu. Mzee hakuwa anawakataza watu kuhama, alisema wafuate serikali, yeye ana kazi aliyopewa na haachi lindo. Kosa halikuwa kwenye hadithi ya majini, lilikuwa kwamba watu waliigeuza miguu yake kuwa kipimo cha hatari, akikaa tunakaa. Na Wajava wana utaratibu mwingine wa zamani, ngelmu titen, kufuatilia ishara: wanyama wanashuka, vijito vimekauka, joto limebadilika. Huo ulikuwepo Kinahrejo muda wote, na Surono mwenyewe watu walikuwa wanamwita Mbah Rono, yaani wamemvalisha cheo cha mlinzi wa mlima ili waweze kumsikiliza. Mtu akitaka kuwatoa wanakijiji kwenye mteremko bora aje na lugha yao kuliko aje na megafoni peke yake.

Sasa kuna hoja moja ya watetezi wa Legetang sijaijibu, nayo ni ile kwamba ukiitoa dhambi hadithi inakufa, hakuna atakayesimulia habari za ufa. Hapa naomba nitoke Java kidogo niende kisiwa cha Simeulue, magharibi ya Aceh, ncha ya kaskazini ya Sumatra. Mwaka 1907 bahari iliwapiga, wakafa wengi, na waliobaki wakaanza kusimulia na kuimba habari ya smong, yaani tsunami: ardhi ikitikisika sana, afu bahari ikirudi nyuma, usiokote samaki, kimbia mlimani. Waliwaimbia watoto wakiwabembeleza. Desemba 26, 2004 ardhi ikatikisika, kisiwa kina watu kama 78,000, wakakimbilia milimani, wakafa watu 7. Aceh bara hapo jirani walikufa zaidi ya laki moja na nusu. Miaka 97 hadithi imetembea na hakuna mzinzi hata mmoja ndani yake.

Mtetezi makini atanibana hapa na atakuwa na haki: smong ni rahisi, tetemeko linapiga na ndani ya dakika chache bahari inakuja, ishara na janga vimeshikana mikono. Ufa wa Pengamun-amun ulikaa siku sabini. Nani anaweza kuishi na hofu siku sabini, huku viazi vinatakiwa kupaliliwa? Hata mimi ningerudi shambani siku ya tatu. Kwa hiyo kwa maporomoko hadithi pekee haitoshi hata ukiisafisha vipi, unahitaji kitu cha kukesha badala ya watu, na kipo: watafiti wa Chuo Kikuu cha Gadjah Mada walitengeneza kifaa cha bei nafuu, unavuta waya kutoka upande mmoja wa ufa mpaka mwingine, ufa ukipanuka waya unavutika king'ora kinalia. Wamefunga Banjarnegara hukohuko, na mwaka 2007 kijiji cha Kalitlaga kililia king'ora saa kadhaa kabla ya mteremko kushuka, familia zikaondoka.

Lakini huo waya lazima mtu apande mlimani auone ufa kwanza, aamini ni jambo la kushuka kuliripoti na sio la kusimuliana tu, halafu baada ya kufungwa kuna mtu abadilishe betri kila inapoisha na watoto wasiukate kufungia mbuzi. Hapo ndo wale wakata majani wa 1955 wanapohitajika kwenye hadithi, wapewe majina hata ya kubuni, wapewe sura nzima, na wale wacheza kamari wapunguziwe. Masheikh wa Dieng wana masikio ya watu kila Ijumaa, kitu ambacho ofisi ya maafa ya wilaya haina, kwa hiyo mimi ningeanzia kwao kabla ya kuanza kuandika vipeperushi.